Achari bila jua

Mwaka wangu wa kwanza huku nilidhani achari ni achari popote. Nikanunua maembe mabichi, nikayakata, nikayapaka chumvi na manjano, nikayaanika dirishani. Kumbe jua la majira ya baridi ni pambo tu: linaonekana, halikaushi. Siku ya nne vipande vimeota ukungu, vyote vikaenda kwenye taka.

Siku hizi natumia mapeasi, yale magumu ambayo ukiligonga linalia ko, na kazi ya jua naiachia siki. Kwa kilo 1: siki nusu lita, sukari nusu kilo, chumvi kijiko kidogo, kijiti cha mdalasini, vipande vya tangawizi, pilipili manga, na karafuu 6. Sita kweli. Niliwahi kutupia kiganja kizima, ulimi ukafa ganzi kama nimetoka kung'olewa jino. Viungo viwe vizima, maana vya unga huifanya siki iwe kama maji ya tope. Na soma lebo ya siki: asidi isipungue asilimia 5, wala usiizimue kwa maji eti ni kali. Ukali huo ndio unaozuia matunda yasioze.

Chemsha siki, sukari na viungo kwanza, ndipo utie mapeasi uliyoyamenya na kuyakata mapande manne. Sufuria isiwe ya alumini, siki huila. Moto mdogo, dakika 10 hadi 15, mpaka ncha ya kisu ipenye bila kipande kumeguka. Yatoe, siki iache ipungue iwe nzito kidogo. Fungua dirisha! Mvuke wake unakata pumzi. Jirani yangu aliwahi kugonga kuuliza kimemwagika nini. (Mwezi uliofuata alirudi na chupa tupu.)

Chupa nazo zichemshe dakika 10, ziwe bado za moto unapomimina. Yangu ya kwanza niliitoa kabatini ikiwa baridi. Ikapasuka, kitako kikabaki mezani peke yake. Siki iyafunike matunda kabisa, kwani kipande kinachochungulia juu ndicho huanza kuharibika.

Funga, ikipoa itie kwenye friji, uisahau wiki 3. Ukiionja kesho yake utakuta siki tupu, na utanilaumu bure. Yangu leo ina siku 9, na vipande viwili vimeshapungua.