Mkate wa oti na sukari guru: hamira haikuwa na kosa

Mara tatu nilitoa jikoni mkate mzito kama tofali, na mara tatu niliambiwa maneno yale yale: hamira yako imekufa, nunua nyingine, uongeze. Nikaongeza. Mkate wa tatu ulinuka hamira tupu na bado haukuumuka. Naandika kwa sababu najua si mimi peke yangu hapa Jinja, Uganda, ninayetupa unga kwa ushauri kama huo.

Mkate wenyewe niliujua nilipopikia familia moja iliyotoka Nova Scotia, Kanada. Kwao ni mkate wa nyumbani kabisa: oti zilizolowekwa kwa maji yanayochemka, molasi (ile shira nyeusi ya miwa), siagi, chumvi, unga wa ngano na hamira. Walipoondoka nilibaki na bati mbili za kuokea, molasi sina.

Jirani akanielekeza duka la vyakula vya mifugo. Molasi ipo kweli, kwenye madumu, bei ya chini, lakini ni ya ng'ombe. Nilionja kwenye ncha ya kijiko: chungu, ina harufu ya kuungua, na mchanga ukalia menoni. Nikaiacha hapo hapo. Nikaenda sokoni kununua sukari guru ya elfu tatu hivi, hii inayopikwa huku kwetu Busoga. Juisi ya miwa huchemshwa mpaka ikaganda, molasi yake haitolewi, kwa hiyo ile ladha imo. Niliivunja, nikaiyeyusha kwa maji kidogo hadi ikawa nzito kama asali, nikaichuja kwa kitambaa maana makapi ya miwa hayakosi.

Sasa hilo la hamira. Kikombe kimoja cha oti hulowekwa kwa vikombe viwili vya maji, halafu unangoja zipoe. Nilikuwa nagusa juu, naona vuguvugu, namwaga hamira. Mara ya nne nilizamisha kidole mpaka chini, nikakitoa mbio. Juu kulikuwa na utando uliopoa, chini uji ulikuwa wa moto kama umetoka kuepuliwa! Hamira hufa joto likikaribia nyuzi 60. Mimi mwenyewe nilikuwa naiua, pakiti baada ya pakiti, na hakuna aliyeniuliza naimwaga kwenye nini.

Nikamwaga uji wote kwenye sinia pana, nikautandaza na kuukoroga, nikangoja mpaka niweze kuweka kidole katikati na kuhesabu hadi ishirini bila kuungua. Hamira nikaiamsha kando, kwenye kikombe cha maji vuguvugu na kijiko cha ile sukari guru. Baada ya dakika kumi ilikuwa na povu hadi ukingoni. Ilikuwa hai siku zote.

Nusu kikombe cha sukari guru iliyoyeyushwa kinatosha, ikizidi sana mkate huchelewa kuumuka. Unga kama vikombe vitano. Donge litanata mikononi, na hapo tena utaambiwa uongeze unga. Usiongeze! Oti huendelea kunywa maji. Lowesha viganja, endelea kukanda.

Sina oveni. Natia mchanga ndani ya sufuria kubwa, naiweka kwenye sigiri ipate moto kwanza, natua bati juu ya mawe matatu, nafunika, natia makaa juu ya mfuniko. Sukari guru huungua upesi na kung'ang'ania bati, nikapoteza ukoko wote wa chini mara ya kwanza. Siku hizi nachukua jani la mgomba, nalipitisha juu ya makaa mpaka ling'ae na kulainika, natandika ndani ya bati. Mkate unatoka mzima, na unanukia jani kidogo, kitu ambacho wale wa Nova Scotia hawajakipata. Nikiugonga chini ukalia kama ngoma, umeiva. Usiukate ukiwa moto, katikati utakuwa kama uji.

Jirani, yule aliyesema hamira imekufa, alikuja na kikombe chake cha chai. Alikula vipande viwili akiwa bado amesimama mlangoni, kisha akauliza, "Mama, hamira hii umenunua duka gani?" Nikamwonyesha pakiti ile ile aliyoniambia niitupe. Kesho yake alikuja na sinia lake, tukaloweka oti pamoja.