Siku moja maishani mwangu: kipindi cha redio, Kigoma, na swali la nani anaziamuru ndege

Saa 11 alfajiri. Niko mwalo wa Kibirizi. Mitumbwi ya dagaa inarudi mmoja mmoja, taa bado zinawaka. Wenzangu wamekuja na ndoo, mimi nimekuja na kinasa sauti. Jioni nina kipindi kuhusu namna nchi zilizoungana kijeshi zinavyoongoza ndege zao kwa pamoja, na nataka kianze na sauti ya hapa kwetu.

Nimemkuta mama mwenye mitumbwi miwili akihesabu mzigo wake.

"Shikamoo mama. Usiku kule majini nani anaamuru?"

"Marahaba. Nahodha," akajibu bila kuinua kichwa. "Yeye ndiye anasema wavu ushushwe wapi na warudi saa ngapi."

"Na mtumbwi ni wa nani?"

"Wangu. Nimemkataza kuvuka kwenda upande wa Kongo, na havuki. Kuuza pia hawezi."

Nilimshukuru, nikazima kinasa. Nilikuwa nimepata nusu ya kipindi kabla jua halijatoka.

Saa 2 asubuhi. Ofisini, chai na maandazi mezani. Wiki iliyopita msikilizaji wa Mwandiga aliuliza jeshi la anga la NATO, muungano wa kijeshi wa nchi za Ulaya na Amerika Kaskazini, lina ndege ngapi. Swali lake ndilo lililozaa kipindi hiki, kwa sababu jibu linawashangaza wengi: ndege karibu zote si za NATO. Ni za nchi wanachama, ambazo sasa ni 32. Chache tu ndizo mali ya umoja wenyewe. Maarufu zaidi ni zile za rada zenye sahani kubwa mgongoni, AWACS, zinazokaa Geilenkirchen, Ujerumani. Hizo zimesajiliwa Luxembourg, nchi ndogo isiyo na hata ndege moja ya kivita.

Nyingine zote zinaazimwa, na kuazima huko kuna ngazi zake. Kamandi kamili haitoki nchini kamwe: ndege, rubani, mshahara wake na nidhamu yake vinabaki kwa mwenyewe. Nchi inachokabidhi ni mamlaka ya kuitumia ndege kwa kazi fulani, kwa muda fulani, mahali fulani. Kamanda wa muungano anaweza kusema ruka sasa, linda eneo lile. Hawezi kuichukua ndege hiyo na kuipa kazi ambayo mwenyewe hakuiridhia. Yule mama wa Kibirizi angeelewa bila ramani.

Saa 4. Naandika sehemu ya ngazi, nikijitahidi isigeuke orodha ya vyeo. Juu yuko kamanda mkuu wa NATO kwa Ulaya, ambaye tangu mwanzo amekuwa Mmarekani, na makao yake yako karibu na mji wa Mons, Ubelgiji. Chini yake kuna kamandi ya anga huko Ramstein, Ujerumani. Chini ya Ramstein kuna vituo vya operesheni, vikiwemo Uedem hukohuko Ujerumani na Torrejón nchini Hispania. Hapo ndipo watu wanakesha mbele ya skrini.

Kwa nini amri iwe mkononi mwa mmoja? Nimechukua mfano wa Estonia, Latvia na Lithuania. Zilipojiunga mwaka 2004 hazikuwa na ndege za kivita, na hadi leo hazina. Wenzao hupeana zamu ya kuwalindia anga, kwa kawaida miezi minne minne. Ndege isiyojitambulisha ikikaribia, ndege za zamu zinatakiwa ziwe hewani ndani ya dakika 15 hivi. Nchi yenyewe inavukwa kwa muda wa kunywa kikombe kimoja cha chai. Hapo hakuna nafasi ya mawaziri kupigiana simu, kwa hiyo kibali cha kuruka kinapaswa kuwa kimeshakubaliwa na wote mapema, kikiwa mkononi mwa kituo kimoja.

Jambo jingine ninalolipenda ni saa. Wanajeshi hawa wote hupanga kazi kwa saa moja ya dunia, wanayoiita Zulu. Sasa hivi kwangu ni saa 4 asubuhi, kwenye simu yangu ni 10:00, kwa Zulu ni 07:00. Kila siku hutolewa amri moja ya kazi za anga inayosema nani anaruka lini, anajaza mafuta hewani wapi, anatumia masafa gani ya redio. Mtu mmoja akiisoma kwa saa ya kwao, ndege mbili zinaweza kukutana pasipotakiwa.

Saa 7 mchana. Ugali wa muhogo na migebuka, kisha nimeteremka hadi bandarini. Juni 1916 ndege zinazotua majini zilikuja kulipua bandari hii. Shabaha ilikuwa meli ya Wajerumani, Graf von Götzen. Ndege zilikuwa za Waingereza, waliowaazima Wabelgiji. Marubani walikuwa Wabelgiji, wakirukia ng'ambo, upande wa Kongo. Mwezi uliofuata Wajerumani wenyewe waliizamisha meli yao, Waingereza wakaiibua 1924, na tangu 1927 tunaiita Liemba. Vitukuu wa walioziona ndege zile bado wako Ujiji, na mambo ya kuazimana ndege si ya Ulaya peke yake.

Saa 9. Gungu, nyumbani kwa afande mstaafu aliyekuwa Kongo na brigedi ya Umoja wa Mataifa ya 2013, ya Tanzania, Afrika Kusini na Malawi.

"Shikamoo afande."

"Marahaba mwanangu, karibu kiti."

Nilimuuliza kuhusu helikopta za mashambulizi za Afrika Kusini. Alinyoosha mkono, akagusa bega la kushoto. "Hapa palikuwa na bendera ya kwao." Akagusa kichwa. "Hapa kofia ya bluu, ya wote. Rubani alipewa kazi na kofia. Akikosea, aliadhibiwa na bendera."

Saa 10 na nusu. Sehemu ngumu. Nimeiandika mara tatu.

Bosnia, kati ya 1993 na 1995, ndege za NATO zilihitaji funguo mbili, yaani ruhusa mbili, ili zishambulie: mmoja wa Umoja wa Mataifa, mmoja wa NATO. Julai 1995 walinda amani wa Uholanzi waliokuwa Srebrenica, mji uliokuwa unashambuliwa na jeshi la Waserbia wa Bosnia, waliomba ndege mara kadhaa. Maombi yakapanda ngazi, yakakataliwa, yakacheleweshwa. Ndege zilipofika tarehe 11 na kudondosha mabomu machache, mji ulikuwa unaanguka. Zaidi ya wanaume na wavulana 8,000 waliuawa. Waliowaua ni watu wenye majina na bunduki, wala sitaki msikilizaji asahau hilo. Lakini baada ya hapo ufunguo wa Umoja wa Mataifa ulikabidhiwa kwa kamanda wa kijeshi, na mwisho wa Agosti mashambulizi makubwa ya anga yakaanza.

Nimekulia Kasulu, ambako kambi ya Nyarugusu imepokea watu wa Kongo tangu 1996. Ndiyo maana siwezi kuusoma mchoro wa kamandi kama karatasi ya ofisi. Mshale mmoja uliochorwa vibaya unaweza kumkuta mtu akisubiri barabarani na mtoto mgongoni.

Saa 1 usiku. Hewani. Sauti ya mama wa Kibirizi imefungua kipindi, na fundi mitambo akanionyesha kidole gumba kupitia kioo. Simu zimekuja nyingi. Ya mwisho ilitoka Bangwe, kwa mwanafunzi wa kidato cha pili:

"Dada, nchi ikisema hapana katikati ya vita, inakuwaje?"

Nilimjibu kwa Libya. Machi 2011 NATO ilipochukua operesheni, Ujerumani haikutaka kushiriki, ikawatoa wanajeshi wake hata ndani ya zile AWACS ambazo ni mali ya wote. Ndege hazikusimama, wenzao walijaza viti.

"Kwa hiyo wanaweza kushuka wakati wowote?"

"Wanaweza. Na kamanda anapanga kazi yake akilijua hilo."

Saa 4 usiku. Kutoka barazani naona taa za wavuvi zimejipanga ziwani. Afande ametuma ujumbe: kesho nipite, ana picha za Goma anataka kunionyesha.