Pareto: jina la moto lililoazimwa

Asubuhi moja, nikiwa na umri wa miaka tisa hivi, nilijifuta jicho kwa mkono niliokuwa nikichumia maua tangu kulipopambazuka, na kabla sijapata hata nafasi ya kulia mama alikuwa ameshaweka kikapu chini na kunivuta hadi penye karai la maji. "Nilikwambia usiguse macho, mwanangu," alisema akininawisha. "Pareto inawasha." Maneno hayo mawili ya mwisho niliyasikia mara nyingi mno katika utoto wangu upande wa Molo, nchini Kenya, na ilinichukua zaidi ya miaka ishirini kutambua kwamba mama, ambaye hajui neno hata moja la Kigiriki, alikuwa amelifasiri jina la mmea ule kwa usahihi kamili.

Kwa msomaji ambaye hajapata kuiona, pareto ni mmea mfupi wenye majani yaliyochanika kama manyoya na mashina membamba, na juu ya kila shina hukaa ua lenye kitovu cha manjano na petali nyeupe kukizunguka. Ukilishika ua lenyewe na kulifumbua kwa ukucha utaona kwamba si ua moja: kile kitovu ni mamia ya vijiua vya manjano vilivyobanana, na kila unachokiita petali ni kijiua kingine chenye mbegu yake chini. Humo ndani ya vijimbegu ndimo inamokaa sehemu kubwa ya sumu inayoua wadudu. Mmea hupenda miinuko yenye baridi, kwa kuwa bila majuma kadhaa ya baridi hautoi vitumba vya kutosha, na ndiyo maana ulistawi Molo, Mau Narok na Elburgon kuliko hapa Nakuru mjini ninapoishi sasa. Nyumbani kwetu neno pareto lilibeba zaidi ya mmea. Aliyesema "pareto imeingia" alimaanisha kwamba malipo yamefika, na fedha ikiitwa "ya pareto" hakuna aliyethubutu kuigusa, kwa kuwa ilikuwa karo. Kwa hiyo jina hili nililijua kwanza kama mwasho, kisha kama ada ya shule, na ni baadaye sana nilipoanza kuuliza limetoka wapi.

Kamusi ya Kiswahili hueleza kwamba pareto ni mmea wa maua meupe yanayotumiwa kutengeneza dawa ya wadudu, na inaishia hapo. Neno lenyewe ni pyrethrum, lililofika kwetu kupitia Kiingereza, ambacho kilikuwa kimelichukua kutoka Kilatini, na Kilatini kililipata kutoka kwa Wagiriki waliosema pyrethron. Ndani yake mna pyr, yaani moto. Mzizi huo huo ndio uliozaa neno lao la homa, pyretos, kwa kuwa mwenye homa mwili wake huwaka.

Ni rahisi kudhani kwamba Wagiriki waliliita ua letu moto kwa sababu linawaunguza wadudu. Hawakufanya hivyo. Pyrethron yao ilikuwa mmea mwingine, jamaa yake katika ukoo mkubwa wa alizeti, ambao leo wataalamu huuita Anacyclus pyrethrum na ambao asili yake ni nchi zinazoizunguka Mediterania, hasa Moroko na Algeria. Kilichothaminiwa kwake kilikuwa mzizi. Ukitafuna kipande kidogo, ulimi huwaka, mate hujaa kinywani, kisha pahali pale hufa ganzi, na kwa sababu hiyo watu wa kale waliutumia kwa maumivu ya meno. Dioskoride, tabibu wa Kigiriki wa karne ya 1, aliueleza katika maandishi yake juu ya dawa, akitaja ukali wa mzizi huo na jinsi ulivyomsaidia mwenye jino bovu. Hilo ndilo jambo lililoitwa moto hapo mwanzo: ladha ya mzizi mdomoni mwa mgonjwa.

Jina lilihama baadaye. Wataalamu wa mimea wa Ulaya walilichukua Pyrethrum na kuliweka juu ya kundi zima la mimea inayofanana na ile ya kwanza, na mwaka 1820 ua jeupe la pwani ya Dalmatia, ng'ambo ya Bahari ya Adria kutoka Italia, likaandikwa kwa jina la Pyrethrum cinerariifolium. Ua hilo ndilo pareto yetu. Limevaa jina la mmea mwingine, kama mtoto aliyepewa jina la babu ambaye hakumwona, na kama inavyotokea kwa watoto wa namna hiyo, jina likamkaa.

Hapa ndipo ninaporudi kwenye karai la maji. Katika Kiswahili, kitu chenye moto huwaka, na anayekifanya kiwake hukiwasha, kama vile kuanguka kulivyozaa kuangusha. Kitenzi hicho hicho ndicho tunachokitumia kwa upupu, kwa pilipili na kwa ngozi yenye upele: vyote vinawasha. Hatusemi kwamba pilipili ni kali tu, tunasema inawasha, yaani inatia moto. Mgriki aliyetafuna mzizi wake akauita pyrethron, na mama yangu aliyeona jicho langu likiwa jekundu akasema pareto inawasha, walikuwa wakisema jambo moja kwa lugha mbili, na hakuna aliyemfundisha mwenzake. Wanaochuma pareto kwa miaka mingi wanajua mwasho huo vizuri. Vumbi la maua yaliyokauka huingia katika mikunjo ya vidole, na wengine hupata vipele mikononi. Mama alikuwa akitupaka mafuta ya kupikia kabla ya kwenda shambani, na jioni hatukuruhusiwa kushika mtoto mchanga mpaka tuoge.

Jina la kitaalamu nalo halikutulia. Kwa muda mrefu vitabu vya kilimo viliiita pareto Chrysanthemum, yaani ua la dhahabu, kutoka chrysos, dhahabu, na anthos, ua. Kwa pareto jina hilo ni la kitovu tu. Katika mpangilio wa leo Chrysanthemum wamebaki nalo wale jamaa zake wa kupamba meza, wanaokuzwa katika nyumba za plastiki kule Naivasha na kusafirishwa kwa ndege. Palitokea hata hatari ya maua hayo ya biashara kunyang'anywa jina lao kwa sababu za kanuni za uainishaji, mpaka mwaka 1999 ambapo kongamano la kimataifa la wanabotania liliidhinisha yaendelee nalo. Pareto sasa huandikwa Tanacetum cinerariifolium, jina lililokuwa limekwisha kupendekezwa mwaka 1844.

Maneno hayo mawili nimeyakalia sana. Tanacetum, kwa maelezo yanayokubaliwa na wengi, limetokana na neno la Kigiriki athanasia, kutokufa. Wengine husema ni kwa sababu maua ya jamaa mmoja wa pareto hukaa muda mrefu bila kunyauka, wengine husema ni kwa sababu mmea huo wenye harufu kali uliwekwa pamoja na maiti ili kuzuia uozo. Sehemu ya pili, cinerariifolium, maana yake ni mwenye majani kama ya sineraria, na sineraria yenyewe imeitwa hivyo kutokana na cinis, jivu la Kilatini, kwa ajili ya vinyweleo vya kijivu juu ya majani yake. Ukiligeuza jani la pareto asubuhi utaliona jivu hilo upande wa chini. Kwa hiyo ua moja dogo la Molo limebeba moto katika jina lake la zamani na jivu katika jina lake la sasa, likiwa pamoja na kutokufa. Hakuna mtu mmoja aliyekaa akayapanga hivyo. Yalikusanyika kwa bahati katika muda wa karne nyingi, nami ninayapenda zaidi kwa sababu hiyo.

Watu walioishi na mmea huu bila vitabu waliuita kwa kazi yake. Huko Dalmatia, ambayo leo sehemu yake kubwa imo Kroatia, wanauita buhač, kutokana na buha, kiroboto. Mhamiaji mmoja kutoka huko alianzisha kilimo chake California katika karne ya 19, na mpaka leo kuna mahali katika wilaya ya Merced panapoitwa Buhach, jina la viroboto lililovuka bahari mbili. Wajapani huuita jochūgiku: krisanthemu ya kuondoa wadudu. Katika ngazi ya nyumba ninamopanga, jirani yangu, mama mmoja kutoka Kisumu, alipoona maua yaliyokauka mkononi mwangu hakusema pareto. Alisema, "Kumbe hii ndiyo dawa ya viroboto vya kuku?" Nyumbani kwao aliijua kama unga tu, uliokunjwa katika karatasi ya gazeti na kupulizwa katika kibanda cha kuku. Mtu wa Kisumu na mtu wa pwani ya Adria wamekutana kwenye kiroboto.

Wajapani walifanya jambo jingine ambalo kwangu ni la ajabu zaidi kuliko majina yote. Mwaka 1890 Eiichirō Ueyama alitengeneza ubani wa mbu kwa unga wa pareto, vijiti vya kuwashwa ncha ili moshi uwafukuze mbu, na baadaye, kwa pendekezo la mkewe Yuki, vijiti hivyo vikageuzwa kuwa duara linalojizungusha ndani ya duara ili liwake usiku kucha. Ile dawa ya mbu ya kuchoma tunayoiweka kwenye kisahani chini ya kitanda ilianzia hapo. Ua lililoazima jina la moto likaishia kuchomwa kwelikweli, na asubuhi katika kisahani hubaki jivu lenye umbo la mviringo.

Japani ndiyo iliyoongoza kwa kilimo cha pareto mpaka Vita vya Pili vya Dunia, kisha Kenya ikashika nafasi hiyo kwa miongo mingi. Wakati huo neno letu lilikuwa limekwisha kupata umbo lake. Kiswahili hakipendi konsonanti zilizorundikana kama hizo za thr wala neno kuishia kwa m, kwa hiyo pyrethrum ilipunguzwa, ikalainishwa na kufungwa kwa irabu: pareto. Kuna mwanauchumi wa Italia, Vilfredo Pareto, ambaye kanuni yake ya asilimia 80 na 20 hufundishwa vyuoni. Jina lake halina uhusiano wowote na ua hili, ingawa mwanafunzi kutoka Molo anapolisikia darasani kwa mara ya kwanza lazima ainue kichwa.

Jambo ambalo wachache hulitazama ni kile kilichoupata mkia wa neno. Kiswahili kilichukua kichwa cha pyrethrum na kuacha nyuma. Wakemia walifanya kinyume. Viini vya sumu ndani ya ua ni sita, vya namna tatu: pairethrini, sinerini na jasmolini, hiyo ya mwisho ikiwa na jamaa katika harufu ya asumini. Walipoanza kuviiga katika maabara, walizipa dawa zao mpya majina yenye ule mkia: alethrini mwaka 1949, na baadaye permethrini na deltamethrini, ambazo tofauti na kiini cha ua haziharibiwi upesi na jua. Leo vyandarua vingi vya mbu vimetiwa dawa za jamii hiyo. Hizo ndizo zilizoipunguzia pareto ya mashambani soko lake, na nilipokuwa kidato cha pili mama aling'oa nusu ya pareto akapanda viazi, kwa kuwa malipo yalikuwa yamechelewa hadi tukaacha kuyaulizia. Ninapolala chini ya chandarua kilichoandikwa deltamethrini ninayasoma yale maandishi madogo ya lebo na kuona kipande cha jina la shamba letu, kile tulichokiacha.

Mwezi wa Agosti nilikwenda nyumbani nikamweleza mama yote haya, tukiwa tumeketi kando ya vichaka alivyovirudisha shambani miaka ya karibuni. Alinisikiliza kwa makini. Kuhusu moto alicheka akasema, "Si nilikwambia inawasha?" Kuhusu jivu alichuma jani, akaligeuza, akalisugua kwa kidole gumba, akakubali. Lakini kutokufa alikukataa. Aliniambia kwamba kichaka cha pareto ukikiacha mahali pamoja hukua miaka mitatu minne, kisha moyo wake huwa mkavu, maua hupungua, nacho hufa kama kitu kingine chochote. Kinachokifanya kidumu ni mkulima kukichimbua wakati wa mvua na kukigawa, kila kipande na mizizi yake, na kukipeleka kwenye udongo mwingine. "Hao waliokiita hivyo," alisema, "hawakukaa nacho miaka mitano."

Kisha akachukua jembe, akachimbua kichaka kimoja kilichozeeka, akakipasua kwa mikono na kunipa vipande vinne vilivyofungwa ndani ya gunia lenye maji. Viwili vimeshika hapa Nakuru, katika ndoo iliyotobolewa chini, upande wa ukuta usiopata jua la mchana. Vina majani mengi na ua moja.