Shati jekundu

Kuna siku moja ya utotoni ambayo nimeisimulia mpaka imechakaa. Nimekaa kwenye ngazi, shati jekundu, miguu pekupeku, najimwagia maji kwa kopo. Maji ya baridi. Mpaka leo nasikia yanavyochuruzika.

Ushahidi ninao: mkanda wa Super 8, filamu ndogo ya sinema za nyumbani, aliopiga baba, katriji moja ya futi 50. Kwa kasi ya picha 18 kwa sekunde, hizo ni dakika tatu na sekunde ishirini, basi. Mtoto wa kwenye ngazi yumo kwa sekunde 11.

Mwaka huu niliutoa kwenye mkebe ili niufanyie kazi. Harufu ya siki ikanipiga puani. Asetati, plastiki ya mkanda, ikianza kuoza ndivyo inavyonuka, na mkanda wenyewe umeshaanza kusinyaa. Nikauskani picha moja moja, zote 3,600, nikamtumia shangazi kipande. Akapiga simu hapohapo.

"Mwanangu, huyo si wewe. Huyo dada yako. Wewe hata hujazaliwa. Na shati lilikuwa la buluu, nililishona kwa mkono wangu."

La buluu! Nikarudi kuutazama mkanda kwa jicho la fundi. Rangi za filamu hukaa katika tabaka tatu: samawati, majenta na njano. Kwenye mikanda mingi ya zama zile samawati ndiyo hupauka mapema, picha nzima ikabaki na wekundu. Filamu ya Kodachrome ingestahimili, ila baba alitumia aina nyingine. Hata majani nyuma ya ngazi ni mekundu, na miaka yote hiyo sikuwahi kujiuliza ni majani gani hayo.

Na maji ninayoyasikia? Mkanda hauna sauti.

Kwenye maombi ya ufadhili huwa naandika kwamba "nachunguza kumbukumbu na utambulisho". Wasanii wengi tunaandika hivyo, imekuwa kama salamu. Sikutegemea uchunguzi uniangukie mimi.

Nikamwendea dada na kompyuta. Akatazama mara mbili.

"Ni mimi. Ila siku hiyo siikumbuki hata kidogo."

Sasa mbona miaka yote umeniacha nasimulia?

"Ulikuwa unaisimulia vizuri."

Kwenye kazi yangu nimeziweka sekunde zilezile 11 mara mbili. Mara ya kwanza nasimulia mimi, ubaridi wa maji na yote. Mara ya pili dada anatazama tu. Zinasikika pumzi zake, kisha "mh". Kurudisha buluu kwa programu si kazi kubwa. Nilijaribu: shati likapendeza, na yule mtoto akawa mgeni kabisa kwangu. Nikaifuta.

Dada anataka la buluu. "Si shati langu?" anasema.

Kipande cha pili nimemwachia.