Pointi 26

Msimu wa maombi ya vyuo ukianza, hapa steshenari kwangu Mwanga, Kigoma, mezani hapakosi cheti cha kidato cha nne kilichokunjwa mara nne. Nakisoma kabla mwenyewe hajafungua mdomo. A ni pointi 1, B 2, C 3, D 4, F 5; zinajumlishwa za masomo saba, na zikiwa chache ndiyo vizuri. Daraja la III linaishia pointi 25. Kuanzia 26 hadi 33 ni la IV. Mwongozo wa ualimu ngazi ya cheti ukitaka Daraja la I hadi la III, wa 26 namrudishia cheti chake na hela yake. Wengine huondoka wakinitukana.

(Wanaonisumbua kweli ni waliomaliza 2014, mwaka ule wa GPA, yaani wastani wa alama badala ya madaraja. Cheti kimeandikwa Merit au Credit, fomu inauliza daraja. Hao huwa nawawekea kiti, maana si kazi ya dakika tano.)

Aliyenishinda ni mdogo wangu mwenyewe. Kiswahili B, Uraia C, Historia C, Jiografia D, Kiingereza D, Biolojia F, Hesabu F. Jumlisha: 26. Biolojia ingekuwa D tu, angekuwa na 25. Nilimwambia, mdogo wangu, hapa huingii, rudia mtihani. Akanijibu kwamba kuna chuo kimoja binafsi wamemwambia njoo na ada, mengine yatajulikana mbele. Mama akauza madumu kumi na mawili ya mawese. Binti akaondoka na tranka jipya.

Yaliyojulikana mbele ni kwamba mamlaka ya serikali ilipohakiki sifa za wanafunzi, jina lake halikutoka. Hakuitwa, hakuulizwa. Karatasi ilibandikwa ukutani, kisha akapewa barua ya mistari minne ya tarehe 14 Machi: hana sifa, aondoke. Ada haikutajwa popote.

Mama aliiweka barua ile kabatini, chini ya kanga, kwa aibu. Mtaani tunakumbuka ya mwaka 2016, wale zaidi ya 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu waliorudishwa nyumbani kutoka Chuo Kikuu cha Dodoma, na neno "vilaza" lilivyowaganda hata waliokuwa na sifa zao kamili. Kijana wa jirani yetu alishuka na treni usiku ili asionekane. Mama hakutaka hilo limpate binti yake, kwa hiyo tukanyamaza.

Oktoba ndipo nikawapeleka wote wawili kwa wakili. Akaisoma barua, akaigeuza nyuma kana kwamba kuna kitu kimeandikwa huko, akauliza, "Mama yangu, hii ilikaa wapi muda wote huu?"

Alitueleza taratibu. Ukitaka Mahakama Kuu iupitie uamuzi wa mamlaka ya serikali, kwanza unaomba kibali, na kibali kinaombwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi utolewe. Sisi tulikuwa kwenye wa saba. Na hata tungewahi, jaji hampi mtu pointi. Anaangalia uamuzi ulifikiwaje: sheria ilifuatwa? Mtu alisikilizwa, kama Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inavyotaka? Akikuta hukusikilizwa, anaweza kuutengua uamuzi ili ufanywe upya. Ukifanywa upya, 26 ni ile ile 26.

"Cha kuuliza," alisema, "ni mwongozo gani ulikuwa unatumika siku binti anaomba." Nilikuwa nao kwenye simu. Daraja la III. Mdogo wangu akatazama sakafu.

Usiku huo sikulala, nikawa nasoma kesi za wenzetu. Uhindi, waliosomea shahada ya ualimu waliruhusiwa mwaka 2018 kufundisha shule za msingi. Tarehe 11 Agosti 2023 Mahakama ya Juu ikaifuta ruhusa hiyo: shahada ile si mafunzo ya kufundisha watoto wadogo. Mwaka uliofuata ikabidi mahakama ifafanue kwamba waliokwisha kuajiriwa kabla ya tarehe ile wabaki kazini. Nilisoma hapo mara tatu. Watu wawili, shahada moja, mmoja kaajiriwa Julai, mwingine anasubiri Septemba, basi. Nikaikumbuka ile kabati ya Mama.

Ila wakili alituachia mlango mmoja. Chuo kilipokea ada kikiwa na nakala ya cheti mkononi. Pointi 26 zimeandikwa pale. Hayo ni madai ya mkataba kati ya binti na chuo, na ya mkataba hufunguliwa ndani ya miaka sita. "Risiti mnazo?"

Mama hajui kusoma vizuri lakini risiti hatupi. Alifungua fundo la kanga pale pale ofisini, akazitoa moja moja: ada, hosteli, sare, hata ya "maendeleo ya chuo" ambayo hakuna aliyejua ni nini. Wakili akazipanga kwa tarehe.

Barua ya madai nimeichapa mwenyewe hapa dukani, imeondoka Jumatatu kwa basi. Mdogo wangu amejiandikisha kurudia Biolojia na Hesabu. Jioni anakaa nyuma ya mashine ya kutoa kopi na daftari lake, na mteja wa 26 akiingia, siku hizi ni yeye anayemweleza.