Kusafirisha farasi wanne hadi Gilgil

Jumamosi tulitoka Nairobi na farasi wanne wa polo, trela mbili, wawili kila moja, na nimeona niandike hii juu kuna watu wanawapakia tu kama mbuzi. Kwanza panga nani atasimama na nani, wanaopigana nyumbani watapigana na barabarani. Mzito tunamweka kulia, upande wa dereva, sababu barabara zetu zinainama kushoto kidogo na hutaki trela ivutwe mtaroni.

Halafu hii tafadhali shikeni: funga chuma cha nyuma, kile kinachomzuia farasi asitoke kinyumenyume, kwanza ndio umfunge kamba ya kichwa, na kushusha ni kinyume, fungua kamba kabla hujagusa chuma. Farasi akirudi nyuma akute amefungwa anapaniki, nilishaona saisi, mtunza farasi, akivunjwa mkono hivyo na bado inaniuma. Kamba iwe na urefu wa kumwezesha kushusha kichwa akohoe, vumbi likikaa kwenye mapafu anaugua.

Kuteremka Mai Mahiu ni gia nzito, kona usikate ghafla, hao wamesimama kwa miguu yao jamani. Huko chini tukawapa maji, jike mmoja akakataa mpaka tulipofika.