Rafiki wa Siku ya Taabu

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa. Neno letu wiki hii ni Mithali 17:17: "Rafiki hupenda sikuzote; na ndugu amezaliwa kwa siku ya taabu."

Nimekuwa nikifuatilia habari za Mmarekani mmoja, Bobby Richardson, aliyezaliwa mwaka 1935 mjini Sumter, South Carolina. Alikuwa mchezaji wa besiboli, mchezo ambao wengi wetu tunauona kwenye filamu tu. Yeye alilinda besi ya pili, kimoja cha vituo vinne ambavyo mpinzani huvikimbilia kwa zamu ili apate pointi: anausubiri mpira uliopigwa, anaudaka au kuuokota, kisha anaurusha upesi kabla mpinzani hajafika kituoni. Sifa nyingi huenda kwa wanaoupiga mpira ukatoka nje ya uwanja, na Richardson hakuwa mtu wa namna hiyo. Msimu wote wa kawaida wa 1960 alifanya hivyo mara moja tu.

Lakini fainali za mwaka huo, World Series, zilipofika, mapigo yake yaliingiza pointi 12 katika mechi saba. Timu yake, New York Yankees, ilishindwa na Pittsburgh, na bado yeye ndiye aliyechaguliwa mchezaji bora wa fainali. Hajapata kutokea mwingine aliyepewa heshima hiyo akiwa upande ulioshindwa. Mwaka 1962, mechi ya saba dhidi ya San Francisco, Yankees wakiongoza 1-0 na wapinzani wawili wakiwa tayari kukimbilia kituo cha mwisho kupata pointi, Willie McCovey aliupiga mpira kwa nguvu za kutisha. Ukamwendea Richardson moja kwa moja, akaudaka, na ubingwa ukawa wao.

Katika timu hiyohiyo alikuwamo Mickey Mantle, nyota ambaye Marekani nzima ilimjua. Mantle alikuwa mlevi. Richardson alikuwa Mbaptisti asiyeficha imani yake, aliyewakusanya wenzake hotelini Jumapili kwa ibada fupi walipokuwa safarini. Ungedhani watu hao wawili wangekwepana. Walicheza pamoja zaidi ya miaka kumi, wakabaki marafiki.

Mwaka 1966 Richardson alistaafu akiwa na miaka 31 tu, mwili ukiwa bado unamruhusu, kwa sababu alitaka kuwa karibu na mkewe Betsy na watoto. Baadaye akawa kocha wa Chuo Kikuu cha South Carolina na kuifikisha timu yake fainali ya vyuo mwaka 1975. Mwaka uliofuata akagombea ubunge, akashindwa kwa kura chache. Mengine nayapita.

Kiangazi cha 1995 Mantle alikuwa hospitalini Dallas. Pombe ilikuwa imemharibu ini, kansa ikaongezeka juu yake. Mwezi Juni alipandikizwa ini jingine, na wako walionung'unika kwamba kalipata upesi kwa sababu ya jina lake. Mwezi uliofuata alisimama mbele ya waandishi wa habari, amekonda, akawaambia watu wasiwe kama yeye. Kisha kansa ikasambaa.

Ndipo Mantle akampigia simu Richardson, akamwomba amwombee. Hilo ndilo linalonishika mimi. Mtu aliyezungukwa na mashabiki maisha yake yote, siku ya taabu anamtafuta yule aliyekuwa akimwalika kwenye ibada za hotelini. Nadhani alijua kwamba upande wa pili wa simu hatakutana na hukumu. Wengine wetu tumeokoka vizuri sana, lakini ndugu zetu walevi hawawezi kutupigia simu. Wanajua mahubiri yatakayowapokea.

Richardson na Betsy walikwenda Dallas. Kama alivyosimulia mwenyewe, Mantle alimwambia kwamba amemwamini Yesu kuwa Mwokozi wake. Richardson hakuridhika na neno moja la mgonjwa. Alimweleza tena njia ya wokovu taratibu, apate uhakika. Betsy naye akamwuliza: ukisimama mbele za Mungu, akuruhusu uingie kwa sababu gani? Mantle akajibu kwa Yohana 3:16.

Alifariki tarehe 13 Agosti 1995. Siku mbili baadaye Richardson alisimama kwenye mazishi yake, mbele ya wachezaji wakongwe na taifa lililokuwa likitazama kwa televisheni, akaihubiri Injili bila kuipunguza.

Najua mtauliza kama toba ya kitandani inatosha. Wale vibarua wa Mathayo 20 waliostahimili hari ya mchana kutwa waliuliza vivyo hivyo, walipoona wa saa kumi na moja analipwa dinari ileile. Richardson alikuwa mtu wa mchana kutwa: amemjua Bwana tangu utotoni, ameishi na mke mmoja, mikono safi. Hakunung'unika. Yeye ndiye aliyepanda ndege kwenda kumpokea aliyechelewa.

Katika maombi ya Jumatano, kila mmoja aje na jina la mtu mmoja ambaye sisi tumeshamkatia tamaa. Kabla ya kuja, tumpigie simu, tumjulie hali tu.